Kamera ya Raoul Coutard: mapitio ya diski ya À bout de souffle

Diski ninayoipitia hapa ni toleo la Blu-ray la filamu ya À bout de souffle, lililotolewa na kampuni ya Criterion Collection ya Marekani mwaka 2010, miaka 50 tangu filamu hiyo ianze kuonyeshwa Paris mwezi Machi 1960. Wengi wanaoinunua humfuata Jean-Luc Godard aliyeiongoza, au huwafuata Jean-Paul Belmondo na Jean Seberg wanaoigiza ndani yake. Mimi naipitia kwa ajili ya mtu aliyekuwa nyuma ya kamera, Raoul Coutard, kwa sababu naamini kwamba kati ya diski zenye kazi yake nilizowahi kuzitazama, hii ndiyo inayomfundisha mtu wa kamera mambo mengi zaidi kwa fedha anayoitoa. Zaidi ya hayo, picha iliyomo ilikaguliwa na kuidhinishwa na Coutard mwenyewe alipokuwa hai.

Idhini hiyo si pambo la kwenye jalada. Filamu ya zamani inapohamishwa kutoka kwenye mkanda kwenda kwenye diski, fundi wa maabara ana uwezo wa kufanya karibu lolote atakalo: anaweza kuliangaza giza ambalo mpigapicha alilikusudia, anaweza kuupunguza weupe wa dirisha uliopitiliza, na baya kuliko yote, anaweza kuzifuta zile chembechembe ndogo zinazotembea juu ya picha ya mkanda, mpaka nyuso za waigizaji zikawa laini kama sanamu za nta. Kwa filamu nyingine hasara hiyo inavumilika. Kwa filamu hii ingekuwa ni kuifuta kazi yenyewe, maana chembechembe hizo ni matokeo ya uamuzi wa makusudi, uliofanywa na mtu aliyeijua kemia ya filamu vizuri kuliko wapigapicha wengi wa rika lake.

Coutard alizaliwa Paris mwaka 1924. Alitamani kusoma kemia, lakini gharama za masomo zilimshinda, akaingia kwenye kazi ya picha na kuanzia maabara. Baada ya Vita Kuu ya Pili alikwenda Indochina (Vietnam na nchi jirani zilizotawaliwa na Ufaransa) pamoja na jeshi la Ufaransa, na huko akapiga picha za vita kwa miaka mingi, kwanza kwa ajili ya jeshi, kisha kwa magazeti kama Paris Match na Look. Aliingia kwenye sinema kwa mkono wa Pierre Schoendoerffer, mwenzake wa Indochina, aliyemchukua kwenda Afghanistan kupiga filamu ya La Passe du diable. Coutard alikuwa akidhani ameitwa kupiga picha za mnato, na alikuwa hajawahi kuishika kamera ya sinema. Habari hii husimuliwa mara nyingi kama kichekesho, lakini kwangu mimi ndiyo ufunguo wa kazi yake yote. Wapigapicha wakubwa wa Ufaransa wa miaka ya 1950 walilelewa studioni, mahali ambapo kila taa ina kazi yake na kila mwigizaji ana alama ya chaki ya kusimama. Coutard alilelewa mahali ambapo mpigapicha haombi nuru iongezwe wala hamwambii mtu arudie alichokifanya. Huipokea nuru iliyopo na kulikamata tukio kabla halijapita.

Mtayarishaji Georges de Beauregard, ambaye alikwisha kumtumia kwenye filamu za Schoendoerffer, ndiye aliyempeleka kwa Godard. Upigaji ulifanyika kati ya Agosti na Septemba mwaka 1959, katika mitaa ya Paris na katika vyumba halisi, bila studio. Godard alitaka picha ipigwe kama habari za gazeti zinavyopigwa: kamera iwe mkononi na taa za sinema ziwekwe kando. Kamera iliyochaguliwa ilikuwa Cameflex ya kampuni ya Éclair, nyepesi kiasi cha kubebwa begani siku nzima, na kasha lake la mkanda lilibadilishwa kwa muda mfupi sana. Ubaya wake ulikuwa kelele. Iliunguruma kiasi kwamba sauti iliyorekodiwa karibu nayo isingefaa, kwa hiyo maneno yote ya waigizaji yaliingizwa baadaye, na Godard alipata uhuru wa kuwatamkia waigizaji maneno yao huku kamera ikiendelea kuzunguka.

Hapa ndipo tunapofika kwenye jambo ambalo ningependa kila kijana mwenye kamera alielewe kabla ya kuiweka diski hii kwenye mashine. Mikanda ya sinema ya wakati ule haikuwa na wepesi wa kutosha wa kupokea nuru hafifu, na mtu aliyetaka kupiga usiku barabarani au chumbani bila taa alibaki na giza tupu. Mkanda wenye wepesi huo ulikuwapo, lakini haukuwa wa sinema. Ulikuwa HPS wa kampuni ya Ilford, uliotengenezwa kwa ajili ya kamera za picha za mnato, na uliuzwa kwa vipande vya mita 17.5. Kipande kimoja cha urefu huo, kikipita kwenye kamera ya sinema kwa picha 24 kwa sekunde, hakifikishi hata sekunde 40. Coutard na wenzake waliviunga vipande hivyo kimoja baada ya kingine mpaka wakapata mizunguko ya kutosha kutiwa kwenye Cameflex, ambayo kwa bahati njema ilikubaliana na matundu ya pembeni ya mkanda huo. Kisha maabara ya GTC ilikubali kuusafisha kwa dawa tofauti na ile ya kawaida, ili wepesi wake uliohesabiwa kuwa ASA 400 (ASA ni kipimo cha wepesi wa mkanda wa kupokea nuru) upande hadi 800. Mtu aliyeikosa shule ya kemia kwa ajili ya ada aliishia kuibadilisha sura ya sinema kwa njia ya kemia.

Matokeo yake yanaonekana kwenye diski hii waziwazi kuliko nilivyowahi kuyaona kwenye kanda au DVD. Tazama sehemu za jioni na usiku za Champs-Élysées: taa za barabarani ni madoa meupe yenye kingo zilizolainika kidogo, magari ni michirizi, na nyuso za watu zinaibuka katika rangi ya kijivu inayochemka chembechembe. Kwenye matoleo hafifu ya filamu hii sehemu hizo huwa tope. Hapa giza lina ngazi zake, mtu anaweza kuutenganisha weusi wa koti na weusi wa ukuta ulio nyuma yake, na chembechembe zimeachwa zitembee kwa uhai wake wote bila kufutwa na mashine. Mafundi waliofanya kazi hii wanastahili shukrani.

Sehemu ninayoirudia zaidi ni ile ndefu ya chumbani, inayochukua zaidi ya dakika 20, ambapo Michel (Belmondo) na Patricia (Seberg) wanazungumza, wanavuta sigara, wanataniana na kuvutana katika chumba kidogo cha Hôtel de Suède, kando ya mto Seine. Chumba kile kilikuwa chembamba kiasi kwamba hapakuwa na nafasi ya watu wengi wala vyombo vingi. Nuru kubwa inatoka dirishani. Patricia anaposimama karibu na dirisha, upande mmoja wa uso wake unakuwa mweupe karibu wa kutoweka, na upande wa pili unabaki katika kijivu laini kilichorudishwa na kuta na mashuka. Mpigapicha wa studio angeweka taa ndogo upande wa kivuli ili kuusawazisha uso, kisha angefunika dirisha kwa karatasi ya kupunguza mwanga. Coutard ameyaacha yote mawili, na chumba kikawa chumba hasa, siku ya joto ya Agosti, ambapo nje kuna jua kali na ndani watu hawana haraka ya kutoka. Moshi wa sigara unapokatiza mbele ya dirisha, kwenye diski hii unaonekana mpaka ule mkunjo wake mdogo wa mwisho kabla haujapotea. Kuna mahali Patricia anasimama kando ya picha ya ukutani, msichana aliyechorwa na Renoir, na nuru inayomwangukia mwigizaji inafanana na ile ya mchoro kiasi kwamba nashindwa kuamini kuwa ni bahati tu.

Barabarani mbinu zilikuwa nyingine. Katika sehemu maarufu ambapo Seberg anauza gazeti la New York Herald Tribune huku akitembea na Belmondo kwenye Champs-Élysées, Coutard alijificha ndani ya mkokoteni wa posta uliotobolewa tundu kwa ajili ya lenzi, na ukawa unasukumwa polepole mbele ya waigizaji hao. Hakuna barabara iliyofungwa na hakuna wapita njia waliolipwa. Picha ikiwa na ukali wa namna hii, mtazamaji anaweza kuwafuata watu wa nyuma mmoja mmoja na kuona nani amegundua na nani hajagundua. Wapo wanaogeuza shingo na kutazama moja kwa moja kwenye tundu. Kwa sehemu nyingine zilizohitaji kamera iteleze, Coutard aliketi na Cameflex yake kwenye kiti cha magurudumu cha wagonjwa, na Godard mwenyewe akakisukuma. Ukitazama kwa makini sehemu ya ofisi ya wakala wa safari, kamera inamfuata Belmondo kwa muda mrefu bila kukatwa, inageuka naye na kurudi naye, na kuna mtikisiko mdogo tu unaoonyesha kwamba sakafu haikuwekwa reli. Nawaomba vijana wetu wanaoamini kwamba kazi haiwezi kuanza mpaka kipatikane chombo fulani cha gharama waitazame sehemu hiyo mara mbili.

Kuhusu sauti sina mengi ya kusema. Ni ya mkondo mmoja kama ilivyokuwa mwaka 1960, imesafishwa bila kuharibiwa, na muziki wa Martial Solal unasikika vizuri.

Viambatisho ni vingi na havilingani kwa thamani. Yapo mahojiano ya zamani na Godard, Belmondo, Seberg na Jean-Pierre Melville, ambaye anaonekana kwenye filamu kama mwandishi Parvulesco. Ipo filamu fupi ya Godard, Charlotte et son Jules. Upo uchambuzi wa picha na maneno wa Jonathan Rosenbaum na mwingine wa Mark Rappaport kumhusu Seberg, na wa Rappaport ndio uliobaki akilini mwangu, kwa jinsi unavyomtazama mwigizaji huyo kama mtu aliyetumiwa na sinema na kisha kuachwa. Filamu ya kumbukumbu ya Chambre 12, Hôtel de Suède, iliyotengenezwa mwaka 1993 na yenye urefu wa dakika 80 hivi, inarudi kwenye hoteli ile ile na kuzifuata nyayo za upigaji mtaa kwa mtaa. Hiyo peke yake ingetosha kuuzwa kama diski ya pili. Kijitabu kina makala ya Dudley Andrew pamoja na muhtasari wa hadithi ulioandikwa na François Truffaut, na ni kizuri kwa anayesoma Kiingereza.

Kilicho bora kuliko vyote kwangu ni mazungumzo na Coutard pamoja na Pierre Rissient aliyekuwa msaidizi wa mwongozaji. Coutard alikuwa amekwisha kupita miaka 80. Anazungumza kama fundi anavyozungumzia kazi ya mikono yake, bila kujipamba na bila kuyageuza mambo kuwa falsafa. Wasomi wamejaza rafu kwa vitabu kuhusu maana ya filamu hii, na wengi wao hawakujiuliza picha ile ya usiku ilipatikanaje. Hapa yupo mtu aliyeipata. Natamani mazungumzo haya yangepewa muda mara tatu zaidi ya huu, na natamani wangemweka mbele ya picha zenyewe, aeleze moja baada ya nyingine.

Kasoro kubwa ninayoiona kwenye diski hii inatokana na hapo hapo. Mtu akiimaliza yote, atadhani Coutard alikuwa mkono wa Godard tu, na kwamba kazi yake ilikuwa kamera ya begani na nuru ya dirishani. Ukweli ni mpana zaidi. Ni kweli kwamba alipiga karibu filamu zote ndefu za Godard hadi mwaka 1967, lakini ndani ya filamu hizo hizo alibadilika mara nyingi. Le Mépris ya mwaka 1963 ni ya rangi na ya kioo kipana, imetulia, inatembea juu ya reli, na imepigwa kwa sehemu katika kisiwa cha Capri, ambako jua la bahari limeachwa liwe kali juu ya kuta nyekundu za nyumba ya Malaparte. Filamu hiyo inaanza kwa kumwonyesha Coutard mwenyewe: ameketi nyuma ya kamera kubwa inayokuja polepole juu ya reli, kisha anaigeuza lenzi mpaka inatutazama sisi. Week-end ya mwaka 1967 ina ule mwendo mrefu wa kamera kando ya msururu wa magari yaliyokwama, unaoendelea kwa dakika kadhaa katika mstari mmoja ulionyooka. Mpigapicha aliyejulikana kwa kukimbia na kamera mkononi alijua pia kuituliza kwa nidhamu ya kutisha.

Kwa mwongozaji Truffaut alikuwa mtu mwingine tena. Picha za Jules et Jim, filamu ya mwaka 1962, zina wepesi na huruma ambayo huipati kwenye filamu za Godard. Kwa Jacques Demy, kwenye Lola ya mwaka 1961, aliuacha mji wa Nantes uzame katika weupe mpaka Anouk Aimée akawa kama anaelea ndani ya nuru. Mwaka 1969 alipiga Z ya Costa-Gavras, iliyotengenezwa Algeria ingawa hadithi yake ni ya Ugiriki, na humo ule uzoefu wa mpigapicha wa vita ukarudi kwa nguvu zote. Tuzo ya César, tuzo kuu ya sinema ya Ufaransa, aliipata kwa Le Crabe-Tambour ya rafiki yake Schoendoerffer, filamu ya baharini, ya ukungu na chuma cha meli za vita. Na aliporudi kwa Godard kwa ajili ya Passion, iliyoonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 1982, walijenga studioni michoro ya Rembrandt, Goya na Delacroix kwa watu walio hai, na Coutard akaiwashia taa moja moja mpaka akapewa tuzo ya ufundi ya tamasha hilo. Yule aliyezikataa taa za studio mwaka 1959 alionyesha kwamba hakuzikataa kwa kutozijua.

Kuna kipande kimoja cha maisha yake kinachotuhusu sisi wasemaji wa Kiswahili, na diski hii haikigusi. Coutard aliongoza pia filamu zake mwenyewe. Ya kwanza, Hoa-Binh, kuhusu watoto katika vita vya Vietnam, ilipata tuzo ya kazi ya kwanza Cannes mwaka 1970, na ni filamu yenye moyo. Ya pili ni La Légion saute sur Kolwezi ya mwaka 1980, inayohusu askari wa miavuli wa Ufaransa walioshushwa Kolwezi, mji wa migodi katika Katanga, mwezi Mei 1978, baada ya waasi waliotoka Angola kuuteka. Filamu hiyo haikupigwa Katanga bali Guyana ya Kifaransa, na mtu anayeifahamu ardhi nyekundu ya mikoa ya shaba atatambua mapema kwamba mimea ile si ya kwao. Lakini hilo ni dogo. Kubwa ni kwamba tukio zima linatazamwa kwa macho ya askari na ya Wazungu waliokuwa mjini, huku wakazi wa Kolwezi, ambao Kiswahili ni lugha yao ya kila siku na ambao walizika watu wao wengi mwezi ule, wakibaki nyuma ya picha. Coutard aliwapenda askari wa Ufaransa kwa sababu aliishi nao vitani, na mapenzi hayo yaliifanya kamera yake itazame upande mmoja. Nasema hivi nikiwa mtu ninayemheshimu sana. Kwenye filamu za wengine jicho lake lilikuwa huru. Kwenye hii, iliyo yake, halikuwa huru.

Sasa yahusuyo ununuzi. Bei iliyowekwa na kampuni ni dola 39.95, na maduka makubwa ya Marekani huipunguza hadi nusu katika vipindi fulani vya mwaka, kwa hiyo aliye huko hana sababu ya kulipa bei kamili. Diski imefungiwa eneo A, yaani Amerika na sehemu ya Asia ya Mashariki. Afrika yote, Ulaya na nchi za Ghuba zipo eneo B, hivyo mtu wa Dar es Salaam, Mombasa, Muscat au Brussels akiiweka kwenye mashine ya kawaida iliyonunuliwa kwao, haitacheza. Atahitaji mashine inayokubali maeneo yote, au aagize toleo la StudioCanal la eneo B, lililotoka mwaka huo huo wa 2010, ila asitarajie kukuta viambatisho hivi vyote. Manukuu ni ya Kiingereza pekee, na wasomaji wetu wa Congo, Burundi na wengine wanaokijua Kifaransa wanaweza kuyazima na kufaidi zaidi.

Kwa mtazamaji anayetaka hadithi tu, nakala yoyote nzuri inamtosha. Kwa anayesoma upigaji picha, kwa mwalimu mwenye darasa la kamera na kwa chuo chenye maktaba, nashauri iagizwe hii pamoja na mashine inayoweza kuicheza, na ikibaki fedha ya diski ya pili, iwe Le Mépris. Zichezwe mfululizo, ya kwanza kwenye chumba kilichotiwa giza na sauti ikiwa imezimwa, ili darasa lisishughulike na jambo lingine lolote isipokuwa nuru inatoka wapi na inaangukia wapi.